Nusu Tangi Kwenye Mwinuko

Gari lilikuwa la Mama. Hilo halikuwa na ubishi. Wanawe watatu walichanga wakalinunua, wakamletea likiwa limefungwa utepe mwekundu kwenye boneti, wakampiga nalo picha akiwa ameshika usukani ambao hajui hata unavyozungushwa, na tangu siku hiyo alikuwa amelipanda mara moja tu, yaani siku hiyo hiyo ya picha. Mara ya pili ndiyo hii ya safari ya hospitali, na laiti angejua angeondoka kwa miguu tangu jana yake.

Siku nyingine zote gari la Mama lilikuwa kazini kwa wanawe, kwa zamu. Mwanawe wa kwanza alikuwa mwalimu mkuu wa shule ya msingi, na kwa kuwa hakujua kuacha ukuu wake shuleni, hata nyumbani walimwita Mkuu. Ndiye aliyetunga sheria ya mafuta. Kila Jumapili alasiri gari lirudishwe uani kwa Mama, mshale wa mafuta ukiwa nusu tangi, Mkuu aukague, ndipo mwenye zamu mpya akabidhiwe ufunguo. Atakayerudisha pungufu ya nusu, zamu yake inayofuata imekwenda na maji.

Jumapili ile aliyerudisha gari alikuwa mtoto wa pili, Msusi, binti mwenye saluni ya nywele. Mama alikuwa ameketi mlangoni mwa jiko akimenya vitunguu kwa kupapasa. Macho yake yote mawili yalikuwa na mtoto wa jicho, watu aliwaona kama nguo zilizoanikwa nyuma ya pazia. Akasikia injini ikinguruma kuja kwake, ikarudi nyuma, ikanguruma tena, ikaja karibu zaidi.

"Nani huyo anataka kuniegeshea gari ndani ya sufuria?"

"Ni mimi, Mama. Naliweka vizuri tu."

"Geti liko kule chini."

"Huku juu kuna kivuli."

"Kivuli gani, mwanangu? Jua liko huku huku. Mimi macho sina, lakini ngozi ninayo."

Msusi akavuta breki ya mkono mpaka ikalia, akashuka akatia jiwe nyuma ya gurudumu. Siri ya kivuli kile ilikuwa hivi. Ua wa Mama umeinama. Kutoka getini ardhi inapanda polepole, halafu karibu na jiko inapanda kwa pupa. Gari likisimama kule chini, mafuta hutulia sawa tangini na mshale husema ukweli. Likipandishwa juu, pua ikitazama jiko, mafuta yote hukimbilia nyuma kwenye boya la kipimo, boya likainuka, na mshale ukainuka nalo. Wa kwanza kuligundua hilo alikuwa mtoto wa mwisho, Kitinda, wakala wa bima, tena kwa bahati tu. Wiki iliyofuata Msusi alichukua gari lenye nusu tangi, na kabla hajaimaliza barabara ya mtaani akajikuta ana robo. Alitukana peke yake garini. Zamu yake ilipoisha, naye akalipandisha. Mkuu alichelewa kuelewa, lakini alipoelewa hakubaki nyuma.

Kwa hiyo wote walijua, na kila mmoja alijua kwamba wenzake wanajua, na hakuna aliyefungua kinywa. Kilichotokea ni kwamba gari lilizidi kupanda. Kila Jumapili nusu ilikuwa inapatikana juu zaidi kidogo, hadi bampa likawa linakaribia kugonga mlango wa jiko, na Mama akawa anapikia kwenye joto la injini.

Mkuu alikuja kukagua akiwa ameweka mikono nyuma, kama anavyopita kati ya madawati. Akawasha swichi, akainama dirishani, akakaa vile kwa muda wa kutosha.

"Nusu," akatangaza. "Nusu kamili."

Akaupiga mshale picha, akaituma kwenye kundi la familia la simu, ingawa wanakundi wote walikuwa wamesimama pale pale wakisikia simu zao zikilia mifukoni.

"Mna hakika?" Mama aliuliza. "Keshokutwa ndiyo siku yangu."

Hapakuwa na haja ya kuwakumbusha. Madaktari wa macho walikuwa wamekuja hospitali kubwa kutoka mbali, kwa wiki moja tu, na haikujulikana wangerudi lini. Daktari aliyempima Mama alimwambia waziwazi kwamba jicho la kulia limekomaa mno na presha ndani yake inapanda. "Ukilikawiza tena, mama yangu, hata mimi sitakuwa na la kufanya." Alitakiwa afike Jumanne kabla ya saa sita mchana. Tangu siku ile Mama alikuwa akiamka kila alfajiri na kufumba jicho la kushoto ili ahakikishe kwamba la kulia bado linaona mwanga wa dirisha. Hakumwambia mtu. Alikuwa anaogopa giza kama mtoto, na aliona aibu kuogopa.

"Mama, tuhesabu pamoja," alisema Mkuu kwa ile sauti yake ya ubaoni. "Tangi la gari hili ni lita arobaini. Kitinda, nusu yake?"

"Kaka, hapa si darasani."

"Nusu yake?"

"Ishirini."

"Lita moja inakwenda kilometa kumi na mbili. Ishirini mara kumi na mbili ni mia mbili na arobaini. Hospitali iko kilometa themanini. Tunakwenda, tunarudi, na kilometa themanini zinabaki kama chenji. Umeona, Mama?"

"Sijaona. Ndiyo maana nakwenda hospitali. Mmoja wenu akaongeze mafuta."

"Ya nini, na nusu ipo?" walisema wote watatu, kila mmoja kwa maneno yake.

Wasionewe. Hawakuwa na nia mbaya. Mkuu aliamini kwamba safari hii, kwa ajili ya jicho la Mama, Msusi hangethubutu. Bila shaka ile ilikuwa nusu ya kweli. Msusi aliamini kwamba kaka mkubwa, ambaye ndiye atakayeendesha, angepitia pampu Jumatatu kimya kimya kama mtu mzima. Kitinda aliamini kwamba wakubwa wapo. Kila mmoja aliuweka uungwana wa familia mikononi mwa mwenzake, akaenda kulala.

*

Jumanne asubuhi walitaka kwenda wote. Mkuu alivaa suti. Msusi alikuwa amejitengeneza nywele za kwenda kwenye harusi, kwa sababu kungekuwa na picha za Mama akiingia hospitali, na Kitinda alisema hawezi kuwa yeye tu ambaye hayumo pichani. Mama akawekwa mbele, mkoba mapajani. Watu wazima wanne na chupa za maji na mito ya kuegemea, gari likainama nyuma.

Liliteremka getini, likalala sawa barabarani, na mshale ukateremka nalo. Mkuu aliutazama ukishuka kutoka nusu, ukaipita robo, ukasimama katikati ya robo na sifuri. Akainua macho kwenye kioo. Msusi alikuwa anatazama nje kwa bidii sana. Mkuu akaumia, akaumia kweli. Dada mtu anamwibia mama yake mzazi, wiki ya jicho lake! Alisahau kabisa kwamba wiki mbili kabla yeye mwenyewe aliwarudishia nusu ya aina hiyo hiyo.

"Kiyoyozi hicho, Kaka," alisema Msusi baada ya kitambo. "Si ukizime?"

"Mama atapata joto."

"Zima tu."

Kikazimwa. Vioo vikateremshwa.

"Sasa mmeamua kunipepea kwa vumbi," alisema Mama.

Pampu ya kwanza ikatokea upande wa kushoto, na wahudumu wake wawili wamekaa kivulini hawana kazi.

"Tupitie hapo tuongeze?" Kitinda aliuliza, sauti nyembamba.

"Kwani kuna upungufu?" akauliza Mkuu.

"Sijasema kuna upungufu."

"Si tulikagua?"

"Tulikagua."

"Msusi, wewe ndiye uliyerudisha. Ilikuwa nusu au haikuwa nusu?"

"Si ulipiga picha mwenyewe, Kaka? Ifungue uitazame."

Basi. Kusimama pale kungekuwa kukiri, na anayekiri ndiye anayelipa, na akishalipa ataulizwa tangu lini. Wote watatu walikuwa na mikono ya birika, lakini siku hiyo haikuwa suala la mkono tu, ilikuwa suala la uso. Pampu ikapita. Ikaja ya pili, ndogo, yenye mashine moja na mbuzi amelala mbele yake. Mkuu akapunguza mwendo, akangoja mtu aseme neno. Msusi akangoja. Kitinda akajikuna shingo. Mbuzi akawatazama wakipita.

"Mbona mmenyamaza?" Mama aliuliza. "Kuna aliyekufa?"

"Hapana, Mama."

"Mafuta yapo?"

"Yapo, Mama," wakajibu kwa pamoja.

Mama alishtuka. Walipokuwa wadogo, sahani ikivunjika, walikuwa wakijibu hivyo hivyo, kwa sauti tatu zilizopangwa. Akaukaza mkoba mapajani.

Taa ya rangi ya chungwa ikawaka kwa mlio mdogo chini ya mshale, ina kipicha cha pampu. Mkuu akauhamisha mkono kwenye usukani ili aifunike.

"Nini hicho kimelia?" Mama aliuliza.

"Ni taa ya kukumbusha tu. Ikiwaka huwa pamebaki akiba ya kilometa hamsini. Nimesoma."

Alikuwa amesoma kweli, ila yalihusu gari jingine, jipya, lenye dereva mmoja mwembamba kwenye barabara tambarare. La Mama lilikuwa na umri wa Kitinda akiwa sekondari, na mbele yao kulikuwa na mlima.

Katikati ya mlima gari likakohoa. Likajikaza, likakohoa tena, likazima. Mkuu akalisogeza kando ya barabara kwa nguvu zilizobaki, akavuta breki. Na hapo, mbele ya macho yao, kwa kuwa pua ya gari ilikuwa juu na matako yake chini, mshale ukaanza kupanda taratibu, ukaipita taa, ukaifikia robo, ukaipita na robo yenyewe.

"Mnaona?" Mkuu alipiga kelele ya furaha. "Mnaona? Mafuta yapo! Kumbe tatizo ni jingine kabisa!"

Hata Msusi alishusha pumzi. Ni aibu kulisema, lakini wote watatu walifurahi. Gari limekufa mlimani, mama yao anachelewa upasuaji, na wao wamefurahi kwa sababu mshale umewatetea.

Boneti likafunguliwa. Mkuu akavua koti la suti, akatikisa nyaya moja moja. Akaongeza maji mahali ambapo hapakuwa na upungufu wa maji. Kitinda akaambiwa apige stata. Akapiga mpaka betri ikaanza kulalamika. Msusi alisema yeye anadhani ni plagi, na alipoulizwa plagi ni ipi akasema hizo ni kazi za wanaume.

"Saa ngapi?" Mama aliuliza kutoka kitini.

"Bado mapema, Mama."

"Nimeuliza saa ngapi."

"Saa nne na nusu."

Wakaendelea. Mkuu akapuliza bomba fulani, likamrudishia vumbi usoni.

"Saa ngapi sasa?"

Mama akafungua mlango, akashuka akiwa ameushika kwa mikono miwili.

"Mafuta yameisha," alisema.

"Mama, mafuta yapo. Karibu nusu."

"Yameisha. Mmoja wenu arudi pampu na dumu."

"Mama, jamani! Njoo utazame mwenyewe!"

Mkuu alisema hivyo, mlezi wa shule nzima, akimwambia mwanamke anayepelekwa kupasuliwa jicho. Msusi akamkanyaga mguu, lakini neno lilishatoka. Mama alisimama kando ya barabara, upepo wa malori ukimpeperusha kanga, akafumba jicho la kushoto. Jua lilikuwa linawaka. Kwa jicho la kulia aliona weupe kidogo, kama maziwa yaliyotiwa maji mengi. Alijua kwamba watoto wake wangesimama pale mpaka jioni, kila mmoja akiutetea mshale, na jicho lake lingeondoka hivyo hivyo, kwa adabu, bila mtu kumlaumu mwenziwe. Akauinua mkono barabarani na kuanza kupunga kila kilichounguruma.

Malori mawili yalipita. La tatu lilikuwa gari refu jeupe lenye mapazia madirishani na maua ya plastiki juu ya paa. Likasimama. Dereva, mtu mzima mwenye tai nyeusi, akatoa kichwa.

"Poleni sana. Mmefiwa?"

"Bado," alisema Mama. "Unakwenda wapi, mwanangu?"

"Hospitali kubwa. Kuna mteja namfuata."

"Una nafasi?"

"Nyuma ni pana, lakini wewe utakaa mbele na mimi."

"Mama!" Msusi alishika kichwa, akakumbuka nywele, akakiachia. "Hilo ni gari la maiti! Watu watasemaje wakikuona?"

"Wakiniona nitawapungia mkono."

"Subiri kidogo tu, Mama," Mkuu alisihi, mikono imejaa grisi. "Kuna mtu namjua, nampigia simu sasa hivi. Si heshima hii. Mimi mwalimu mkuu, mama yangu anaingia hospitali ndani ya—"

Kitinda, ambaye alikuwa ameona nafasi na hakuwahi kuona nafasi akaiacha, akamsogelea dereva.

"Mzee, samahani, huna mafuta kidogo utupunguzie? Hata lita mbili."

Mkuu akamgeukia. Msusi akamgeukia. Kitinda akang'ata ulimi, lakini alikuwa amechelewa.

"Si yapo?" Mama aliuliza.

Dereva wa gari la maiti, ambaye kazi yake ilimzoesha familia zinazonyamaza, akakohoa kwa upole.

"Yangu siwezi kuyapunguza, ndugu yangu. Tajiri wangu hujaza tangi kila asubuhi. Anasema gari lolote jingine likizima abiria watashuka wasukume, hili langu abiria hashuki."

Mama alicheka, akacheka mpaka akamshika dereva bega.

"Mmoja wenu anifuate," akasema alipotulia. "Magari haya nyuma huwa na benchi la wafiwa."

Mkuu alisema yeye ndiye dereva, haiwezekani aache gari barabarani. Msusi alisema ana woga na vitu hivyo tangu utotoni, Mama anajua. Kitinda alisema bila yeye nani atasukuma. Sababu zote zilikuwa nzuri, na Mama aliondoka peke yake.

*

Getini mwa hospitali kulikuwa na foleni ya magari hadi barabarani. Walinzi walipoliona gari jeupe wakalifungulia njia bila swali. Wanaume wakavua kofia. Wanawake wakajishika vifua. Muuguzi mmoja akaja mbio na machela, akachungulia nyuma, hakuona kitu.

"Marehemu yuko wapi?"

"Marehemu ni mimi," alisema Mama akishuka, "lakini nitangulizwe kwenye macho kwanza."

Jina lake lilikuwa limeshaitwa na kupitwa. Muuguzi wa chumba cha macho alikuwa tayari anakusanya vifaa. Aliangalia saa ya ukutani, akamwangalia yule mwanamke aliyesimama mlangoni na mkoba, akaguna.

"Umekuja na nani, mama?"

"Na watoto wangu watatu."

"Wako wapi?"

"Wanalinda gari."

Yule muuguzi alikuwa na jibu kali mdomoni, akalimeza. Akafungua tena boksi alilokuwa amelifunga. Mama alikuwa mgonjwa wa mwisho siku ile. Walipomlaza na kumwambia atulie, alitulia, ila mkono wake mmoja ulishika ukingo wa kitanda mpaka vidole vikafa ganzi, na hapakuwa na mtu wake wa kuushika.

*

Asubuhi bandeji ikatolewa. Kwanza ukaja mwanga, akaukunjia uso. Kisha kikaja kidole cha muuguzi, chenye pete. Kisha ukuta, na kwenye ukuta ufa mwembamba ulioanzia kwenye swichi ya taa na kupanda hadi darini. Mama aliufuata ufa ule wote bila kupepesa. Akashusha macho akaiona mikono yake mwenyewe, imezeeka, ina makovu ya vitunguu na visu, akaigeuza huku na huku na kuanza kulia.

"Usilie, mama, utalilowesha jicho," alisema muuguzi, ambaye naye alikuwa anapangusa pua.

Simu ikalia mkobani. Alikuwa dada yake mkubwa, aliyeolewa mbali sana akabaki huko huko, na sasa miguu ilikuwa imemkatalia kutoka hata nje ya mlango.

"Umeona?" dada alipiga kelele simuni.

"Naona hata nyufa."

"Basi njoo uzione na zangu. Mimi siwezi kuja, mdogo wangu. Uso wenyewe huu nilionao hauna muda mrefu."

"Nani atanileta?" alisema Mama, wakacheka, halafu hawakucheka tena.

Watoto walifika adhuhuri, wamejaa mlangoni. Jana yake walikaa mlimani hadi jua lilipoelekea kuzama. Waligombana, wakatajiana Jumapili zote na mawe yote ya nyuma ya gurudumu, na mwishowe, kwa kuwa hakuna aliyemwamini mwenzake hata kwa lita moja, walilisukuma gari likateremka hadi pampu ya yule mbuzi, wakakubaliana kulijaza tangi pomoni, kila mmoja theluthi yake, wote watatu wakiwa wameizunguka pampu na kuitumbulia macho mpaka ilipojizima yenyewe. Lilikuwa halijawahi kujazwa tangu linunuliwe.

Mama akawatazama. Mkuu alikuwa ameota mvi. Msusi alikuwa amenenepa na amependeza. Kitinda alikuwa amefanana na marehemu baba yake kiasi cha kumtisha. Hakuna aliyekuwa amemwambia.

"Mama," alianza Mkuu, "utakuja kwangu upumzike. Mke wangu ameshaandaa chumba."

"Kwangu," alisema Msusi. "Mgonjwa anataka mwanamke wa kumhudumia. Atakuja kwangu."

"Kwako kuna kelele za saluni, Dada. Mama anakuja kwangu," alisema Kitinda, anayeishi chumba kimoja.

"Wewe utamlaza wapi, juu ya kabati?"

"Nitalala chini! Ni mama yangu!"

Sauti zikapanda. Wagonjwa wa vitanda vingine wakageuka. Muuguzi, aliyekuwa amewawekea kinyongo tangu jana, akalainika. "Mama una bahati," alimnong'oneza. "Wengine hapa hawapati hata wa kuwachukua." Na Mama, tuseme nini, alilainika pia. Miaka mingi hawakuwa wamemgombania hata siku moja. Alijilaumu kwa mabaya yote aliyoyawaza juu yao mlimani. Alishaanza kufikiri namna ya kujigawa, siku chache huku na siku chache kule, asimwumize yeyote.

"Lakini tulikubaliana nini pampuni?" Kitinda alilalamika, amesahau alipo. "Atakayemchukua Mama ndiye anakaa na gari. Mlisema wenyewe!"

"Anakaa nalo lakini atarudisha nusu," Mkuu alisema haraka.

"Nusu? Likiwa limejaa hivi? Basi hata mimi nitamchukua Mama mwezi mzima!" alisema Msusi.

Muuguzi akatazama sakafu. Ilimuuma Mama mahali ambapo daktari hakupagusa. Akavaa miwani myeusi aliyopewa, akaweka chupa ya dawa ya matone mkobani, akafunga zipu.

"Mkuu," aliita kwa upole.

"Naam, Mama."

"Wewe ndiye mtu wa hesabu. Tangi likijaa, gari linafika wapi?"

Mkuu akasimama wima. Aliulizwa swali analolijua mbele ya muuguzi.

"Lita arobaini, Mama, mara kilometa kumi na mbili. Mia nne na themanini. Bila kugusa pampu popote!"

"Na kwa mama yenu mkubwa, dada yangu, ni kilometa ngapi?"

Mkuu alifungua kinywa, akaliona shimo, lakini alikuwa mwalimu na jibu alikuwa nalo.

"Kama... mia nne, Mama."

"Basi linafika. Nileteeni viatu."

"Linafika kwenda tu, Mama!" alisema Msusi. "Na kurudi je?"

Mama alikuwa anafunga kamba ya kiatu, anaiona vizuri, hana haraka.

*

Alikaa mbele, na njia nzima alitazama. Alisoma mabango kwa sauti. Aliuliza lile paa la bluu ni la nini, na wale ng'ombe ni wa nani, na kwa nini nyumba zote siku hizi zina rangi ya udongo. Kila aliposema "punguza mwendo nione," Mkuu alipunguza, na nyuma Msusi na Kitinda wakanyoosha shingo katikati ya viti kuutazama mshale, kama watu wanaotazama nyumba yao ikiungua. Mama aliagiza kiyoyozi kiwashwe. Daktari alikataza vumbi.

Taa ya chungwa iliwaka wakiwa wanaingia mtaani kwa dada. Dada alikuwa amebebwa pamoja na kiti chake akawekwa mlangoni, amevaa gauni jipya. Mama alishuka kabla gari halijasimama sawasawa. Alivua miwani myeusi, ingawa alikatazwa, akamshika dada yake mashavu yote mawili, akamtazama karibu sana, kunyanzi moja baada ya jingine, na yule mwingine akakaa kimya akatazamwa.

"Umezeeka, jamani," alisema Mama, akilia.

"Na wewe umefanana na mama."

Walikuwa bado wameshikana wakati Mkuu alipokuja na ufunguo mkononi, wenzake wakiwa nyuma yake. Alikohoa. Alisema samahani, Mama, shikamoo Mama Mkubwa, lakini jua linakwenda, na pale garini hali si nzuri, kwa hiyo ingefaa wakae chini kama familia wajadili habari ya kurudi, nani achangie nini.

"Jadilianeni," alisema Mama bila kugeuka. "Mimi nakaa hapa."